Nyumba ya Rehani na Bei Yake ya Kweli

Mtu akipita njiani na kuona nyumba mpya, yenye bati linalong'aa na madirisha ya kioo, humwuliza mwenyewe, "Imekugharimu kiasi gani?" Zamani mwenye nyumba alijibu kwa kuhesabu: matofali kadha wa kadha, mabati kadha, ujira wa fundi na wa seremala. Siku hizi wako wengi wanaojibu kwa namna nyingine. Husema, "Nalipa shilingi laki sita na nusu kwa mwezi." Wala hawasemi uwongo. Lakini aliyeuliza alitaka bei ya nyumba, naye aliyejibu ametaja kipande kimoja tu cha bei, wala hakusema vipande ni vingapi.

Tumeona ni vema mwezi huu tulitazame jambo hili pamoja na ndugu zetu wasomaji, maana ndani yake mna swali lililo kubwa kuliko fedha: Je, ni halali mtu kuahidi leo jasho ambalo bado hajalitoa? Na kama ni halali, ni kwa masharti gani?

Jambo la rehani si geni kwetu. Neno lenyewe tumelipokea kwa Waarabu, na watu wa pwani wamelitumia tangu zamani. Huko Unguja, katika karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20, wenye mashamba ya mikarafuu walikopa fedha kwa wafanyi biashara, wengi wao Wahindi, ili wapate kuwalipa wachumaji na kuyaendesha maisha yao mpaka msimu ufike. Shamba likawekwa rehani. Msimu ukiwa mzuri, deni lilipungua. Msimu ukiwa mbaya, au bei ya karafuu ikishuka, deni lilikaa pale pale na riba ikaongezeka juu yake. Mwisho wake wako waliokuwa na shamba kwa jina tu. Mwaka 1934, bei ya karafuu ilipokuwa imeanguka, serikali ya Unguja ilitoa amri ya kuzuia mashamba ya Waarabu na Waafrika yasihamishwe kwa watu wengine bila ruhusa yake, kwa kuwa iliona ya kwamba mashamba yanawatoka wenyewe. Hapo twajifunza neno la kwanza. Mvua hubadilika, bei hubadilika, afya ya mtu hubadilika. Lakini deni halina habari ya mambo hayo. Siku yake ikifika, lataka kulipwa.

Tena rehani ya nyumba, ile ya kulipwa kidogo kidogo kwa miaka mingi, imekuja kwetu karibu zaidi. Hapa Tanzania ilikuwapo benki ya serikali ya kujengea nyumba, nayo ikafungwa mwaka 1995. Baada yake, kwa miaka mingi, mtu wa mshahara hakuwa na njia nyepesi ya kupata mkopo mrefu wa nyumba. Alijenga kwa akiba yake, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, bati Mungu akijalia. Ndipo mwaka 2008 ikatungwa sheria ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaundwa kampuni ya kuyakopesha mabenki fedha za kazi hiyo. Tangu hapo mwalimu, muuguzi na karani waweza kuingia katika nyumba iliyokwisha kujengwa na kuilipia miaka kumi na mitano, ishirini, au ishirini na mitano. Hili ni jambo jema, wala hatuandiki ili kulilaumu. Twaandika kwa sababu mlango umefunguliwa, na si kila aingiaye amepewa taa.

Haya, na tuwashe taa. Tuseme yuko mwalimu mmoja, na mkewe ni muuguzi. Wamekopa Shs. 50,000,000 kwa miaka 20, kwa riba ya 15 kwa mia kila mwaka. Riba ya namna hiyo si ya ajabu katika mikopo ya nyumba ya nchi yetu. Watatakiwa kulipa karibu Shs. 658,400 kila mwezi. Mwalimu achukue kalamu, azidishe kwa miezi 240. Ataona ya kuwa jumla ni Shs. 158,000,000 na kidogo zaidi. Milioni 50 ni za nyumba. Milioni 108 ni za riba. Yaani, amenunua nyumba moja, naye amelipa bei ya nyumba tatu na zaidi.

Watu wengi wakisikia hivi hudhani ya kwamba pana hila katika hesabu. Hapana hila. Kila mwezi riba hutozwa juu ya deni lililobaki, na riba hukatwa kwanza. Kinachosalia ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza riba ya milioni 50 ni Shs. 625,000. Katika zile Shs. 658,400 alizozileta mwalimu, zimebaki Shs. 33,400 tu za kupunguza deni. Mwaka wa kwanza ukiisha atakuwa ametoa karibu Shs. 7,900,000, na deni lake litakuwa limepungua kwa Shs. 430,000 hivi. Baada ya miaka kumi, ambayo ni nusu ya safari, atakuwa ametoa milioni 79, na bado atadaiwa karibu milioni 41. Hataifikia nusu ya deni mpaka mwaka wa kumi na sita.

Wazee wetu walisema, haba na haba hujaza kibaba. Ni kweli, lakini yafaa kuuliza kibaba ni cha nani. Katika miaka hii ya kwanza, haba na haba ya mwalimu yajaza kibaba cha mwenye kukopesha, nacho kibaba chake mwenyewe hakijafunikwa chini.

Sasa tutazame hesabu hiyo kwa upande wa pili, maana ina faraja pia. Kama mwalimu angekopa fedha zile zile, kwa riba ile ile, lakini kwa miaka 10, angelipa karibu Shs. 806,700 kila mwezi, na jumla yake ingekuwa milioni 97 hivi. Tofauti ya kila mwezi ni Shs. 148,000, tofauti ya mwisho ni zaidi ya milioni 61. Au tuseme hawezi kuchukua mzigo huo, akabaki na mkataba wa miaka 20, lakini tangu mwezi wa kwanza akaongeza Shs. 100,000 juu ya malipo yake, na mkataba ukaruhusu ziende moja kwa moja kupunguza deni. Atamaliza katika mwaka wa kumi na mbili, na jumla aliyoitoa itakuwa milioni 106 badala ya 158. Twaona basi ya kuwa kitu kinachokula sana ni muda. Watu hubishana na benki juu ya bei ya nyumba kwa siku nyingi, kisha hukubali miaka mitano zaidi kwa dakika moja, kwa kuwa malipo ya mwezi yamepungua kidogo.

Lakini hatuna budi kuwa wenye haki katika hesabu, tusije tukawaogofya watu bure. Mtu asiyekopa naye hulipa. Akipanga nyumba ya mtu kwa miaka 20, kodi yote imekwenda, wala hana hata tofali moja mwishoni. Akijenga kidogo kidogo, saruji na nondo hupanda bei mwaka baada ya mwaka, watoto hukua katika chumba cha kupanga, na pengine yeye mwenyewe hufa kabla ya kuezeka. Tena shilingi ya mwaka wa ishirini si sawa na shilingi ya leo. Mshahara ukiongezeka, na bei za vitu zikipanda, zile Shs. 658,400 zitaonekana nyepesi mwishoni kuliko mwanzoni. Haya yote ni kweli, na mtu mwenye busara atayaweka katika mizani. Lakini upande wa pili wa mizani na aweke pia mambo ambayo wakopaji husahau: fedha ya kutangulia, ambayo benki hutaka mkopaji aitoe mwenyewe, ada za kuithamini nyumba na kuandikisha rehani, bima, kodi, na matengenezo, kwa maana bati huoza na rangi hupauka hata kama nyumba bado ni ya rehani. Tena aone kama mkataba unamruhusu mwenye kukopesha kubadili riba katikati ya safari. Mikataba mingi yaruhusu, na hapo hesabu yote tuliyoifanya yaweza kupanda.

Baada ya hesabu ya shilingi iko hesabu ya pili, nayo ndiyo iliyotusukuma kuandika. Tuseme mshahara wa mume na mke pamoja ni Shs. 1,600,000 kwa mwezi. Basi katika kila siku 100 za kazi, siku 41 ni za nyumba. Zile milioni 50 ni mshahara wao wote wa miaka miwili na miezi saba. Riba peke yake, zile milioni 108, ni mshahara wao wote wa miaka mitano na miezi saba. Mishahara ikiongezeka, miaka hiyo itapungua. Lakini haitakoma kuwa miaka. Hivyo ndivyo nyumba inavyolipwa. Shilingi ni alama tu. Kitu chenyewe kinachotolewa ni asubuhi za kwenda kazini, na mikesha ya wodini, na miguu inayovimba kwa kusimama darasani. Benki yaweza kutengeneza mikopo mingine. Mwalimu hawezi kutengeneza mwaka mwingine wa maisha yake.

Sasa twarudi kwenye swali la kwanza. Mwalimu anayetia sahihi leo ana umri wa miaka 35. Atakayelipa malipo ya mwisho ni mtu wa miaka 55. Hawa wawili wana jina moja, lakini je, wanajuana? Yule wa miaka 55 huenda ana maradhi ya sukari. Huenda mtoto wake yu chuoni, mamaye ni mzee wa kuuguzwa, na macho yake hayaoni tena kwa taa. Naye hakuulizwa. Ameachiwa ahadi iliyowekwa na kijana mwenye nguvu, aliyedhani ya kuwa nguvu hazitapungua.

Wako wasemao ya kwamba kwa sababu hiyo mtu asiahidi kabisa mambo ya mbali. Sisi hatukubali. Mtu anayeoa huahidi mambo ya mbali kuliko mkopo wowote. Anayempokea yatima nyumbani mwake huahidi miaka ambayo haijui. Anayepanda mwembe huwafanyia kazi watu ambao hawajazaliwa. Kama tusingeweza kuahidi yajayo, pasingekuwa na ndoa, wala shule, wala shamba la miti. Basi kuahidi si kosa. Kosa ni kuahidi kitu ambacho hukukipima, na kumtwisha mwingine mzigo ambao hukumwonyesha. Ahadi huwa njema mambo mawili yakiwapo: mwenye kuahidi ajue kipimo cha ahadi yake, na wale watakaoichukua pamoja naye wawe wameulizwa.

Na gharama iko nyingine ambayo hata kalamu haiwezi kuiandika vizuri. Mtu asiye na deni, bosi wake akimwambia aandike hesabu ya uwongo, aweza kusema, "Siandiki," na kuondoka. Mtu mwenye miaka 14 ya deni hutazama chini. Si kwamba amekuwa mwovu. Anafikiri juu ya mwisho wa mwezi. Tena ndugu akifiwa, au mtoto wa dada akikosa ada ya shule, mkono uliozoea kufunguka haufunguki, kwa kuwa kilichomo ndani yake kimekwisha kuahidiwa. Hivyo deni refu hupunguza fedha, na pamoja na fedha hupunguza uwezo wa mtu wa kusema "hapana" mahali panapostahili hapana, na "ndiyo" mahali panapostahili ndiyo. Gharama hiyo haimo katika karatasi yoyote ya benki. Ndiyo maana twasema kwamba mkopo ulio halali kwa mtu mmoja waweza kuwa si halali kwa mwingine, ingawa mishahara yao ni sawa. Yatupasa kumwuliza kila mmoja atabakiwa na uhuru gani baada ya kulipa.

Lakini tusiuweke mzigo wote juu ya mkopaji. Mwenye kukopesha naye ana wajibu. Luther aliandika juu ya biashara na riba katika mwaka 1524, na katika mambo aliyoyasisitiza mojawapo ni hili: si haki mtu atoe fedha na kupokea faida yake mwaka kwa mwaka bila kushiriki hatari yoyote, huku mwenye shamba akiichukua peke yake hatari ya mvua ya mawe na ya ukame. Hatusemi ya kwamba mabenki ya leo ni sawa na watoza riba wa siku zile. Benki nayo hutumia fedha za watu wengine walioweka akiba, na wadaiwa wengine hawalipi. Ila swali la Luther bado lina nguvu: Hatari imekaa upande gani? Mwalimu akiugua na malipo yakikoma, atapewa taarifa kwa maandishi, kisha nyumba itauzwa. Kama ndivyo ilivyo, basi jambo dogo kabisa ambalo mwenye kukopesha anawiwa naye ni kumwambia kweli yote kabla ya sahihi. Huko Marekani ilitungwa sheria mwaka 1968 ya kuwalazimisha wakopeshaji wamwonyeshe mkopaji riba ya mwaka na gharama yote ya mkopo kwa tarakimu, wazi. Ilitungwa kwa kuwa wengi walikuwa wakionyeshwa kipande tu, kama wale tuliowataja mwanzoni. Mwenye kukopesha anayetaja malipo ya mwezi na kunyamaza juu ya jumla, huenda havunji sheria. Lakini hawezi kusema ya kuwa amemtendea jirani yake haki.

Nayo sheria ya nchi yetu imeona jambo moja vizuri. Tangu sheria ya ndoa ya mwaka 1971, mume hawezi kuiweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mkewe, wala mke bila ridhaa ya mumewe. Wengi huona hiyo kuwa sahihi ya pili ya kumalizia karatasi. Humletea mwenzao karatasi usiku, kidole kikionyesha mahali pa kuandika jina. Sisi twaona ndani yake mna hekima kubwa: deni la nyumba ni deni la nyumba nzima.

Turudi kwa mwalimu wetu wa mfano. Tuseme jioni moja, kabla ya kutia sahihi, amekwenda na mkewe kwa baba yake mzee, amempigia shikamoo, akamweleza habari zote. Mzee hajui habari za mabenki. Akauliza, "Mwanangu, utamaliza lini?"

"Baada ya miaka ishirini, baba."

"Na Neema atakuwa na umri gani?"

Mwalimu akanyamaza, maana hakuwahi kulihesabu hilo. Mkewe ndiye aliyejibu: "Atakuwa na miaka ishirini na sita, baba."

Mzee akasema, "Basi mwenye deni ni yeye pia. Utoto wake wote utalala chini ya deni hili. Mimi sisemi msiichukue nyumba. Nasema, mhesabuni na yeye."

Wakirudi nyumbani, mke akasema, "Baba Neema, tusichukue ile ya milioni hamsini. Tutafute ndogo yenye vyumba viwili, tulipe miaka kumi." Je, ndivyo ilivyowapasa kufanya? Huenda ndivyo, huenda sivyo. Kila nyumba ina hali yake. Lakini twaona ya kwamba usiku ule walihesabu kwa mara ya kwanza kitu kilichokuwa kinauzwa kweli.

Basi, ndugu zetu, na hasa ninyi walimu wa kanisa ambao watu huwajia kwa shauri kabla ya kwenda benki, twawaomba mambo machache. Mtu akija na karatasi ya mkopo, msimwulize kwanza kama aweza kulipa kila mwezi. Mwulizeni jumla yake. Kama hajui, mpeni kalamu azidishe, wala msimfanyie ninyi, maana tarakimu aliyoiandika mtu kwa mkono wake hukaa moyoni. Kisha mwulizeni kama ameigeuza jumla hiyo kuwa miaka ya kazi. Mwulizeni riba yaweza kubadilika au la, na kama akilipa zaidi, ziada itapunguza deni. Mwulizeni kama iko bima itakayolipa deni akifa, ili wajane na yatima wasitolewe nje. Mwishoni mwulizeni kama mwenzake ameisoma karatasi, au ametia sahihi tu.

Wahenga walisema, kukopa harusi, kulipa matanga. Methali hiyo haikukataza harusi. Ilimkumbusha anayecheza ngoma ya leo ya kuwa siku nyingine yaja, naye mwenyewe ndiye atakayeipokea. Nyumba ni kitu chema, na mtu anayeitafutia jamaa yake paa hana haja ya kuona haya. Lakini akiulizwa njiani, "Imekugharimu kiasi gani?", na aweze kujibu swali zima: shilingi kadha, kwa miaka kadha, na hawa ndio tuliokubaliana nao kuilipa.